Yule mkuu wa kijiji ni Noble Johnson

Ndugu yangu Hamisi,

Salaam nyingi. Huku sote hatujambo, na mama anakusalimu. Uliniuliza jina la yule mkuu wa kijiji katika filamu ya King Kong ya 1933, yule wa manyoya kichwani. Anaitwa Noble Johnson. Wakati ule alikuwa na karibu miaka 20 kazini, na kazi hiyo aliijenga kwenye sinema bubu, ambako siku hizi ni wachache wanaomtafuta. Basi nivumilie, maana jibu langu litakuwa refu.

Alizaliwa Missouri mwaka 1881, Mmarekani mweusi, akakulia Colorado Springs. Huko alisoma shule moja na Lon Chaney, yule aliyekuja kuwa bingwa wa kubadili sura kwenye sinema. Baba yake alikuwa mfunza farasi, na Noble aliacha shule mapema akafuatana naye. Farasi hao hao ndio waliomfikisha mbele ya kamera. Mwaka 1914 kampuni ya Lubin ilikwenda Colorado kupiga filamu ya makaboi, mwigizaji mmoja akaumia, ikabidi apatikane mtu wa kushika nafasi yake. Johnson alikuwa mrefu kupita futi sita, mwenye kifua, na farasi anawajua. Wakampa sehemu ya Mhindi Mwekundu.

Tangu hapo hakukosa kazi. Alikuwa maji ya kunde, na filamu za nyeusi na nyeupe hazikuonyesha ngozi ya mtu ilivyo hasa. Akipakwa rangi na kuvishwa kilemba anakuwa mtu wa taifa lolote alilotaka mwongozaji. Na kwa kuwa hakuna sauti, hakuna lafudhi ya kumtoa. Alikuwa Friday, yule mtumishi wa Crusoe, katika Robinson Crusoe ya mfululizo ya 1922. Katika The Navigator ya mchekeshaji Buster Keaton, mwaka 1924, ni mkuu wa walaji watu. Mwaka 1927 akawa Uncle Tom, yule mtumwa, katika Topsy and Eva.

Mtazame katika The Thief of Bagdad, nayo ya 1924. Steringi ni Douglas Fairbanks. Johnson ni mwanamfalme wa India, mmoja wa wachumba wanaomgombea binti wa khalifa, na kila mchumba ametakiwa arudi na kitu adimu. Yeye anakikuta kwenye jicho la sanamu kubwa: tufe la kioo linaloonyesha mambo ya mbali. Hapandi mwenyewe. Anamtuma mtu apande, yule mtu analichomoa, anaporomoka na kufa, na mwanamfalme anaondoka na tufe lake. Ni sehemu fupi, lakini utamjua mtu huyu ni wa namna gani bila kusoma neno lolote kwenye skrini.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya nishike kalamu. Mwaka 1916, akiwa bado mwigizaji wa sehemu ndogo ndogo katika kampuni ya filamu ya Universal, Johnson na wenzake walianzisha Lincoln Motion Picture Company, kampuni ya watu weusi iliyotengeneza filamu kwa ajili ya watu weusi. Yeye ndiye rais wake. Mdogo wake George, mfanyakazi wa posta Omaha, alishughulikia kuzisambaza. Mishahara ya Universal ilisaidia kuiendesha kampuni; yaani zile sehemu za adui na mtumwa ndizo zilizolipia filamu ambazo yeye mwenyewe ni steringi.

Na steringi wa aina gani! Katika The Realization of a Negro's Ambition ni mhandisi kijana aliyetoka Tuskegee, chuo cha watu weusi, kwenda California kutafuta kazi kwenye visima vya mafuta. Wanamkataa kwa rangi yake. Anamwokoa binti wa mwenye visima, anapewa kazi, kisha anagundua kwamba ardhi ya shamba la baba yake inafanana na ile yenye mafuta. Anarudi kwao na kutajirika. Hakuna anayechekwa wala kuaibishwa. Fikiria watu weusi wa 1916 wakiiona hiyo.

Waliipenda mno, na hapo ndipo balaa lilipoanza. George alisimulia baadaye kwamba kwenye mitaa ya watu weusi watazamaji walijaza majumba ya sinema yaliyoonyesha filamu za Johnson za Lincoln, wakaliacha jumba la jirani linaloonyesha filamu yake ya Universal. Universal wakamtaka achague. Mwaka 1918 alijiuzulu Lincoln. Simlaumu hata kidogo, alihitaji mshahara, lakini inaniuma kweli. Miaka michache baadaye kampuni nayo ikafungwa.

Kinachouma zaidi ni hiki: filamu zake za Lincoln zimepotea. Zile alizovalishwa manyoya na vilemba ndizo zilizotunzwa na zinatazamika vizuri hadi leo. Tunajua haya kwa sababu George alihifadhi barua, picha na matangazo, na mkusanyo wake uko chuo kikuu cha UCLA. Noble aliendelea kuigiza hadi mwaka 1950 hivi, mara nyingi bila hata jina lake kuandikwa, akafariki 1978 akiwa na miaka 96.

Anza na The Thief of Bagdad, kisha The Navigator. Ukimaliza niandikie unamwonaje, hasa pale kwenye sanamu. Wasalimie wote hapo.

Wako,
Salim