Risala ya Klabu ya Mazingira kwa Mgeni Rasmi: Vipepeo wa Familia ya Papilionidae

Ndugu Mgeni Rasmi, Afisa Elimu wa Kata,
Mkuu wa Shule,
Mwalimu Mlezi wa klabu, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Shikamooni. Tunakushukuru kwa kuitikia mwaliko wetu, hasa tukizingatia foleni ya Barabara ya Kilwa asubuhi.

Ndugu Mgeni Rasmi, mwaka huu klabu yetu imejifunza familia moja tu ya vipepeo, Papilionidae. Duniani ina spishi zaidi ya 550, na vipepeo wakubwa kuliko wote wamo humo. Mkubwa wa Afrika, Papilio antimachus wa misitu ya Afrika ya Kati na Magharibi, mabawa yake yakitandazwa huweza kufika sentimita 20 na zaidi.

Wengi huwatambua kwa mikia iliyo kwenye mabawa ya nyuma. Ni kweli wengi wanayo. Lakini anayeonekana sana hapa Dar es Salaam, Papilio demodocus, yule mweusi mwenye madoa ya manjano anayezungukia milimau na michungwa, hana mkia hata kidogo. Rangi nayo ndiyo haiaminiki kabisa. Dume wa Papilio dardanus ni wa manjano hafifu na ana mikia. Jike wake huku kwetu hana mkia, na huiga rangi za vipepeo wa familia nyingine wenye sumu, ili ndege wamwogope. Tena majike wenyewe hawafanani, kila mmoja na aliyemwiga. Ukiwapanga kwa sura, utamtenga mke na mumewe.

Ndiyo maana wataalamu hutazama kwingine. Hutazama miguu: hawa hutembea kwa miguu yote sita, ilhali wale wa familia ya Nymphalidae miguu yao ya mbele ni mifupi na haikanyagi chini. Hilo tulilihakiki kwa kumsubiri kipepeo atue, bila kumdhuru.

Ushahidi mzito zaidi, Ndugu Mgeni Rasmi, anao kiwavi. Kwenye mlimau ulio nyuma ya jiko la shule, kiwavi mchanga wa demodocus ni wa kahawia mwenye baka jeupe, ungedhani kinyesi cha ndege. Akikua huwa wa kijani. Ukimgusa kwa kijiti, nyuma ya kichwa chake huchomoza kiungo laini chenye panda mbili, cha rangi ya chungwa, kikitoa harufu kali isiyotoka puani upesi. Kiungo hicho huitwa osmeteriamu, na viwavi wa familia nyingine za vipepeo hawana. Baadhi ya wenzetu wa kidato cha pili hawajakubali kumgusa tena.

Mwaka 1758 Carl Linnaeus, mwanasayansi wa Uswidi aliyeainisha viumbe, aliwaweka vipepeo wote katika jenasi moja (kundi la spishi zinazokaribiana), Papilio. Leo familia hii peke yake ina nusufamilia tatu, yaani makundi makubwa ndani ya familia. Baroniinae ina spishi moja tu iliyo hai, ya Meksiko. Parnassiinae, ambao wengi ni wa milima yenye baridi ya Asia na Ulaya, huku kwetu hawapo. Wetu wote ni Papilioninae, wakiwemo Papilio wa milimau na jenasi nyingine, Graphium, ambao viwavi wao wengi hula majani ya jamii ya mtopetope na mstafeli. Madume wa Graphium utawakuta wamejipanga kwenye tope wakifyonza chumvi.

Ndugu Mgeni Rasmi, hatukosi changamoto. Lenzi ya kukuzia tunayo moja, na foleni yake inakaribia ile ya Barabara ya Kilwa. Mlimau wetu nao ulipuliziwa dawa ya wadudu wakati wa likizo, viwavi wote wakafa. Hatumlaumu aliyepulizia, kwani kiwavi kweli hula majani, na mche mdogo huweza kubaki vijiti vitupu. Ila mti mkubwa huchipua tena.

Kwa hiyo tunaomba lenzi kumi, neti ya kutengenezea kizimba cha kulelea viwavi, na miche ya milimau na mistafeli. Tunamwomba pia Mkuu wa Shule, mbele yako, mlimau huo usipuliziwe dawa tena bila klabu kuarifiwa.

Baada ya risala hii tunakukaribisha kwenye meza yetu. Pupa wawili, yaani viwavi waliojifunga kusubiri kuwa vipepeo, wapo, wamejifunga kijitini kwa uzi wa hariri kiunoni, vichwa juu. Kijiti cha kumgusia kiwavi pia kipo, ukipenda.

Ahsante kwa kutusikiliza.

Imesomwa na Katibu wa Klabu ya Mazingira.