Bukhara hadi Samarkand: kwa nini tunakupitisha barabarani na treni ipo

Kila tukimtumia mteja ratiba ya Uzbekistan, swali la kwanza kurudi ni la siku ya nne. "Mbona Bukhara kwenda Samarkand mmetuweka ndani ya gari kutwa nzima, na treni ipo?" Wameshaiona mtandaoni: Afrosiyob, treni ya kasi, inayofika kwa saa moja na nusu hivi. Wako wanaodhani tunabana matumizi. Laiti ingekuwa hivyo! Gari la siku nzima, dereva na mwongozaji vinatugharimu kuliko tiketi za treni.

Basi tuieleze siku hiyo pamoja na kero zake, ili anayeichukua ajue anachukua nini, na asiyeitaka atuambie mapema.

Treni yenyewe hatuna ugomvi nayo, na kutoka Samarkand kwenda Tashkent tunaipanda. Ila huku Bukhara inakuvusha mahali ambapo panaeleza kila kitu. Baina ya miji hii miwili pana kilomita 270 hivi. Upande mmoja ni mto Zarafshan na mashamba unayoyanywesha, upande wa pili nyika kavu. Misafara ya ngamia iliutembea mwendo huo kwa siku sita au saba, na kila jioni ilihitaji ukuta wa kujikinga na maji ya kunywa. Baadhi ya vituo hivyo bado vimesimama kando ya lami, na Afrosiyob haisimami hapo.

Tunaondoka saa moja asubuhi. Saa moja kweli, si ile ya harusi. Tumekuwa wakali kwa sababu msafara wetu wa kwanza tuliachia watu wanywe chai kwa raha zao, tukatoka saa tatu, kisha tukajitia ujuzi wa kuongeza Nurata, mji mdogo wenye chemchemi ambayo samaki wake hawaliwi. Ni pazuri, lakini ni kuiacha njia na kupanda kaskazini, kisha kurudi. Tulifika kijiji cha Khartang, kwenye kaburi la Imam Bukhari, yule mkusanyaji wa hadithi za Mtume, usiku na geti limefungwa. Mama mmoja aliyeweka nia ya ziara hiyo tangu Mombasa alisoma Fatiha yake nje ya geti, kwenye mwanga wa taa za gari. Hakulalamika hata neno, na hilo ndilo lililotuuma. Nurata tumeitoa kwenye siku hii. Anayeitaka tunampangia siku yake.

Kituo cha kwanza ni Vobkent, dakika 20 tu zinatosha. Kuna mnara wa matofali uliojengwa kati ya 1196 na 1198, karibu mita 40 kwenda juu, mwembamba, umesimama peke yake. Jana yake mmekwisha kuuona mnara wa Kalon pale Bukhara, wa mwaka 1127, ule mkubwa wenye kelele za watalii chini yake. Huu wa Vobkent una watoto wanaoendesha baiskeli. Sisi tunaupenda zaidi huu, lakini hilo ni letu.

Gijduvan tunakaa. Ulugh Beg, mjukuu wa Timur mjenga dola, yule mtawala aliyejulikana zaidi kwa kupima nyota kuliko kwa vita, alijenga madrasa tatu: moja Bukhara, moja Samarkand, na ya tatu hapa, mwaka 1433, karibu na kaburi la sheikh Abdulkhaliq Gijduvani. Ukienda kwa gari unaziona zote tatu ndani ya siku mbili, na hii ndogo ndiyo isiyo na foleni.

Lakini kinachotukawiza Gijduvan ni ufinyanzi. Mji huu una jina kwa vyombo vya udongo vya rangi ya kahawia, manjano na kijani, na karakana za kifamilia zinapokea wageni. Mfinyanzi huzungusha gurudumu kwa mguu, na sinia linafunguka mikononi mwake kama ua. Hilo sinia wanaliita lagan, na kazi yake ni ileile ya sinia letu: pilau inapakuliwa humo, watu wanalizunguka. Ukitaka kununua, muombe aligonge ukingo kwa ukucha. Lililoiva vizuri linalia kama kengele. Lenye ufa usioonekana linatoa sauti nzito iliyokufa, hata kama nakshi zake ndizo nzuri kuliko zote mezani. Mwongozaji wetu hugonga kila sinia kabla mgeni hajatoa pesa, na wauzaji wamemzoea.

Hapo pia ndipo wageni wetu huanza kuusoma ule mji kwa Kiswahili. Kibao kimeandikwa do'kon, nacho kiko juu ya duka. Korxona ni karakana. Rang ni rangi, kitob ni kitabu. Kiajemi na Kiarabu vilipita kwao kwa ngamia na kwetu kwa jahazi, vikaacha mizigo inayofanana. Dereva mnamwita aka, maana yake kaka mkubwa, na hakuna anayehitaji kufundishwa mara mbili.

Kabla ya kufika Navoiy ndipo penye kituo ambacho, kwa maoni yetu, peke yake kinastahili siku nzima. Rabati Malik ilikuwa nyumba ya wasafiri, iliyojengwa karne ya 11 na Shams al-Mulk Nasr, mtawala wa Wakarakhani, ukoo wa Kituruki uliotawala huku zamani hizo. Leo limebaki lango lake kubwa la matofali yenye nakshi, na nyuma yake misingi ya vyumba iliyofukuliwa, unaitembelea kama ramani iliyochorwa chini. Mara nyingi wageni hushuka, wanapiga picha ya lango, wanataka kurudi kwenye kiyoyozi. Tunawaomba wavuke barabara kwanza.

Ng'ambo ya lami kuna kuba la matofali lililokaa juu ya ardhi kama bakuli lililofunikwa. Ni birika la maji, wenyewe wanaliita sardoba, neno lililotokana na baridi na maji. Maji yaliletwa kwa mfereji kutoka mto Zarafshan, yakahifadhiwa chini ya kuba jua lisiyanyonye. Ukisimama mlangoni ukachungulia chini, ubaridi unakupiga usoni, na nje ni nyika tupu. Aliyekulia karibu na msikiti wa kale wa pwani, wenye birika lake la kutawadhia, hahitaji maelezo marefu. Wageni walioshuka garini wakiuliza "bado mbali?" huwa wananyamaza kidogo hapo. Lango na birika vyote viliingia kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2023, pamoja na mnara wa Vobkent, na bado hakuna umati.

Navoiy yenyewe ni mji wa viwanda uliojengwa enzi ya Wasovieti, mwaka 1958. Tunapita.

Chakula cha mchana tunakula saa sita na nusu, si baadaye, kwa sababu osh, yaani pilau yao, hupikwa sufuria moja kubwa na ikiisha imeisha. Tukuonye mapema: haina karafuu, haina mdalasini wala iliki. Ni nyama ya kondoo, karoti nyingi, mafuta mengi, na zira, ambayo ni jira yetu. Kila msafara unaye mtu mmoja anayetamka kwamba hii si pilau, kisha anaongeza. Chai ni ya kijani, bila maziwa, na utamiminiwa kikombe nusu. Usidhani ni uchoyo. Kikombe nusu maana yake wanataka uendelee kukaa, wapate kukumiminia tena.

Mchana ndio mrefu. Ni kilomita 160 hivi, pamba na miforosadi kando ya njia, ile miti ambayo majani yake hulishwa viwavi wa hariri. Watu husinzia, na wasinzie. Septemba na Oktoba utaona matikiti yamepangwa barabarani na tutasimama, hilo haliepukiki.

Saa kumi hivi tuko Khartang, kama kilomita 25 kutoka Samarkand. Hapa ndipo siku yote inapokuja kukaa sawa. Muhammad bin Ismail, ndiye Imam Bukhari, alizaliwa Bukhara mwaka 810, na jina la mji wake ndilo tunalolisikia darsani tangu utotoni. Wanasimulia kwamba uzeeni gavana wa Bukhara alimtaka aende kasri kuwasomesha wanawe peke yao, naye akakataa: elimu hufuatwa ilipo. Akaondoshwa mjini. Akaelekea Samarkand, akafikia kwa jamaa zake Khartang, na hapo akafariki mwaka 870, usiku wa Idi ya Ramadhani. Kwa hiyo, unapotoka Bukhara asubuhi na kufika Khartang jioni, umekwenda kutoka kwenye mji aliozaliwa hadi kijiji alichozikwa. Kwa treni utafika Samarkand, kisha utachukua teksi kuja hapa, na kaburi ni lilelile. Lakini hutakuwa umefika kwa njia hiyo.

Mambo mawili ya ibada, kwa wanaohusika. Wenyeji ni wa madhehebu ya Hanafi, na wengi wetu wa pwani ni Shafi. Mkijumuisha adhuhuri na alasiri kwa ajili ya safari watawatazama kidogo, na "amina" ya sauti kubwa katika swala ya jamaa hugeuza vichwa. Hakuna atakayewagombeza. Tunasema tu ili msishtuke. Wageni wasio Waislamu wanakaribishwa vizuri, mradi mavazi yawe ya heshima na kina mama wawe na mtandio.

Sasa kero. Siku hii inachukua saa 11 mlango hadi mlango, na kama tano kati ya hizo ni za kukaa kitini. Barabara ni tambarare lakini kuna vipande vibovu. Mwenye mgongo mbovu, au mwenye mtoto mdogo asiyekaa, apande treni, na tunamkatia sisi. Vyoo vya njiani vingi ni vya kuchuchumaa na vinalipiwa, basi beba karatasi na chenji. Kati ya Juni katikati na mwisho wa Agosti hatuuzi safari hii kabisa, maana joto hupita nyuzi 40 na hakuna anayeifurahia sardoba akiwa anaona kizunguzungu. Desemba na Januari jua huzama mapema mno. Miezi mizuri ni Aprili, Mei, Septemba na Oktoba.

Kuhusu gari, hili tulijifunza kwa tabu. Magari madogo mengi ya huko yanatumia gesi, na mtungi umekaa ndani ya buti. Mnafika asubuhi na mabegi manne, dereva anafungua buti, na mnatazamana. Tena kila kwenye kujaza gesi abiria wote hushuka na kusubiri kando, kwa usalama. Kwa hiyo tunakodi gari la dizeli la viti saba, hata mkiwa watatu. Ndiyo maana bei ya gari ni moja, nanyi mnaigawana. Watu watano au sita ndio idadi inayolipa.

Mwongozaji anazungumza Kiingereza na Kiarabu. Kiswahili tunatafsiri sisi tunaofuatana na msafara.

Ukithibitisha, tutumie idadi ya watu na ya mabegi, pamoja na umri wa mkubwa na wa mdogo kuliko wote. Treni ya Samarkand kwenda Tashkent tupeni ruhusa tuikate mapema, kwa sababu majira ya mavuno na ya maua ndiyo inayojaa kwanza. Na ikiwa baada ya maelezo yote haya bado mmoja wenu anaitaka Afrosiyob ya Bukhara, aandike tu "treni" mbele ya jina lake. Tutampeleka stesheni, na jioni tutamkuta hotelini Samarkand, ameshalala usingizi wake wa mchana, anauliza sinia hilo tumelinunua wapi.