Risala ya Klabu ya Filamu kwa Mgeni Rasmi

Mheshimiwa mgeni rasmi, Mwalimu Mkuu, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Shikamooni. Karibu sana, mgeni rasmi, katika onyesho letu la kufunga muhula.

Filamu utakayoiona punde ilitengenezwa Marekani mwaka 1913. Inaitwa Suspense. Waliiongoza Lois Weber na mumewe Phillips Smalley, na Weber mwenyewe ndiye mama mwenye mtoto mchanga. Ni ya dakika 10 hivi, haina sauti. Dada wa kazi amechoshwa na nyumba iliyo mbali na watu. Anaondoka bila kuaga, anaacha barua, na ufunguo anauweka chini ya zulia la mlangoni. Mzururaji anauokota. Mama anakimbilia simu, anampigia mumewe mjini, na hapo skrini inagawanyika pembetatu tatu: huku mhalifu, huku mama, katikati baba ameshika simu. Mara kisu kinapita kwenye waya. Kipande hicho tulikirudia mara nne, na kila mara darasa zima lilinyamaza.

Mgeni rasmi, simu ndiyo iliyompa baba yule ujasiri wa kuiacha familia yake mbali na mji. Hofu ya waya wa simu kukatwa, mwongozaji wa Marekani D. W. Griffith alishaionyesha mwaka 1909 katika filamu yake The Lonely Villa. Kabla yake, André de Lorde wa Ufaransa aliandika mchezo wa jukwaani ambamo baba anasikia kwa simu familia yake ikiuawa.

Lililotugusa zaidi, hata hivyo, lilitoka Uingereza. Katika filamu Mary Jane's Mishap ya George Albert Smith, ya mwaka 1903, mtumishi anamimina mafuta ya taa jikoni ili moto ushike, na mlipuko unamrusha nje kupitia bomba la moshi. Ilikusudiwa kuchekesha. Mwenzetu mmoja, ambaye mama yake amelea watoto wa watu miaka 12, hakucheka. Aliuliza: mbona chombo kipya kikiingia nyumbani, lawama ya hatari yake anabebeshwa dada wa kazi? Huyu mafuta, yule ufunguo. Mjadala wetu baada ya filamu utaanza na swali lake.

Mheshimiwa, filamu hizi enzi zake zilipigiwa muziki humo humo ukumbini. Kinanda cha leo tumekiazima, na projekta yetu taa imefifia. Tunaomba utusaidie kupata hivyo viwili, ili muhula ujao tuwaalike na wazazi wa mtaani.

Tunaomba kuwasilisha.