Dawa za mapigo ya moyo zisiuzwe bila kuulizia vipimo

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nieleze jambo ambalo sisi tunaokaa nyuma ya kaunta za famasi tunaliona mara kwa mara. Mgonjwa aliyeanzishiwa dawa ya kurekebisha mapigo ya moyo katika hospitali kubwa, iwe ya Dar es Salaam, Moshi au Mwanza, hurudi kwao na cheti cha daktari, na kwa cheti hicho huendelea kununua dawa mwezi hadi mwezi, hata mwaka ukapita, bila mtu yeyote kumuuliza ni lini mara ya mwisho alipimwa figo, ini au umeme wa moyo. Dawa inamfikia, lakini usimamizi wake unaishia hospitalini.

Wapo wanaodhani kwamba huu ni ugonjwa wa wazee peke yao. Kwetu sivyo. Homa ya rumatiki, ambayo chanzo chake ni maambukizi ya koo ya utotoni yasiyotibiwa, huharibu vali za moyo, yaani milango yake ya kupitisha damu, na vali zikishaharibika vyumba vya juu vya moyo hutanuka na kuanza kutetemeka badala ya kusukuma damu kwa mpangilio. Kwa sababu hiyo mteja anayeleta cheti cha digoksini, mojawapo ya dawa hizo za mapigo, anaweza kuwa mama kijana mwenye mtoto mgongoni, ambaye atahitaji dawa kwa miaka mingi ijayo.

Ugumu mkubwa wa dawa hizi, kwa maoni yangu, ni kwamba madhara yake yanafanana mno na maradhi tuliyoyazoea, kiasi kwamba mgonjwa mwenyewe, jirani yake, hata muuzaji wa dawa, huyapa jina lisilo lake.

Chukua digoksini. Asili yake ni mmea ambao tabibu Mwingereza William Withering aliuandikia mwaka 1785, na tangu wakati huo alikwisha kuonya kwamba kipimo kikizidi mgonjwa hutapika, huona vitu kwa rangi ya kijani au ya manjano, na mapigo yake hushuka sana. Nafasi kati ya kipimo kinachotibu na kinachodhuru ni finyu: kwa wagonjwa wengi kiwango kinachotakiwa katika damu ni kati ya nanogramu 0.5 na 0.9 kwa mililita, na kikipita 2 hatari ya sumu huwa kubwa. Dawa hutoka mwilini kwa njia ya figo, kwa hiyo figo zikichoka, au mgonjwa akiharisha na kuishiwa maji, kidonge kilekile alichokizoea huanza kulimbikizana. Tena wengi wao hutumia pia furosemidi ya kupunguza maji mwilini, ambayo hutoa potasiamu kwenye mkojo, na potasiamu ikipungua moyo huathiriwa zaidi na digoksini hata kama kiwango chake katika damu hakijapanda.

Sasa mgonjwa huyu anapoanza kupoteza hamu ya kula na kusikia kichefuchefu, ataambiwa ana vidonda vya tumbo. Atapewa dawa za kuua bakteria wa tumboni, ambazo mara nyingi huwa na klarithromaisini ndani yake, na klarithromaisini hupandisha kiwango cha digoksini katika damu. Atapewa na omeprazoli, ambayo ikitumiwa kwa muda mrefu huweza kushusha magnesiamu, na upungufu wa magnesiamu nao humwongezea hatari. Yaani dalili ya sumu inatibiwa kwa dawa inayoongeza sumu hiyo hiyo, na kila aliyehusika aliamini kwamba anamsaidia. Swali moja tu la awali, la dawa gani nyingine anazotumia, lingeukata mnyororo huo.

Amiodaroni, dawa nyingine ya kurekebisha mapigo ya moyo, nayo ina vituko vyake. Kidonge kimoja cha miligramu 200 kina takribani miligramu 75 za madini joto, ilhali mtu mzima anahitaji mikrogramu 150 tu, yaani miligramu 0.15, kwa siku. Ingawa si yote yanayoachiwa mwilini, yanatosha kuivuruga tezi ya shingo, ikafanya kazi kupita kiasi au ikazorota. Mgonjwa hukonda, hutoka jasho na mikono hutetemeka, au kinyume chake hunenepa na kuchoka. Dawa hiyo inaweza pia kuumiza mapafu, na hapo huja kikohozi kikavu na pumzi fupi. Kukonda na kukohoa kwa pamoja! Nani katika mitaa yetu hatawaza kifua kikuu kwanza? Na ni haki kipimo cha kifua kikuu kifanyike, lakini yule anayepima anapaswa kujua kwamba mbele yake kuna mtu anayetumia amiodaroni. Ndiyo maana utaratibu unaofahamika ni kupima tezi na ini kabla ya kuanza dawa na kila baada ya miezi sita hivi, pamoja na picha ya kifua na uchunguzi wa macho kadiri daktari atakavyopanga. Dawa hii pia hukaa mwilini kwa wiki nyingi, hata miezi, baada ya kuachwa, hivyo mtu aliyeiacha mwezi uliopita bado anapaswa kuitaja.

Kwa nchi yenye malaria hili lina uzito wa pekee. Maelezo ya watengenezaji wa dawa ya mseto ya artemetha na lumefantrini yanatahadharisha isichanganywe na dawa za aina ya amiodaroni, kwa kuwa zote zinaweza kurefusha muda ambao moyo unajipanga upya kati ya pigo na pigo, jambo linaloweza kuzusha mapigo ya hatari. Simwambii mtu aache kutibu malaria, maana malaria inaua. Ninachosema ni kwamba mgonjwa wa namna hii apimwe kwanza, asinunue mseto kwa kubahatisha, na daktari anayemtibu aambiwe ili achague dawa na aangalie umeme wa moyo panapohitajika. Wanaotumia warfarini ya kuzuia damu kuganda nao wajue kwamba amiodaroni huongeza nguvu ya warfarini taratibu kwa majuma kadhaa, na pasipo kupima damu mara kwa mara katika kipindi hicho mgonjwa anaweza kuvuja damu.

Wala mtu asidhani kwamba mapigo yakitulia kazi imekwisha. Mwaka 1989 nchini Marekani utafiti ulioitwa CAST ulilazimika kusimamisha dawa mbili, enkainidi na flekainidi, kwa wagonjwa waliokwisha kupata shambulio la moyo, baada ya kuonekana kwamba waliozitumia walikufa zaidi kuliko waliopewa vidonge visivyo na dawa, ingawa mapigo yao yenye hitilafu yalikuwa yamepungua.

Nyumbani kuna mengi yanayowezekana bila gharama. Mapigo yahesabiwe kwenye kifundo cha mkono kwa dakika nzima, si kwa sekunde 15 na kuzidisha mara nne, kwa sababu mapigo yasiyo na mpangilio hudanganya. Mashine za kupimia presha nazo hukosea kwa watu hawa. Anayetumia digoksini akikuta mapigo yako chini ya 60 awasiliane na kituo cha afya kabla ya kumeza kidonge kinachofuata. Aliyesahau dozi asimeze mbili kwa pamoja. Anayetumia atenololi au propranololi, ambazo ni dawa za kupunguza kasi ya moyo, asiikatishe ghafla kwa sababu tu anajisikia vizuri.

Najua nitajibiwa kwamba kipimo cha kiwango cha digoksini hakipatikani katika hospitali nyingi za wilaya. Ni kweli, lakini kisiwe kisingizio, kwa kuwa kazi ya figo na potasiamu hupimwa katika maeneo mengi zaidi, na mapigo yanahesabika popote penye saa. Vitu hivyo vitatu, vikiongezewa maswali ya hamu ya kula na ya kuona, vinaweza kumuokoa mgonjwa kabla hajafika mbali.

Ombi langu kwa Wizara ya Afya na kwa Baraza la Famasi ni dogo. Hospitali inayoandika digoksini au amiodaroni iandike juu ya cheti hicho hicho vipimo vinavyotakiwa na tarehe yake, nasi wauzaji tulazimike kuviuliza kabla ya kutoa dawa ya mwezi unaofuata. Tarehe ikiwa imepita, mgonjwa asinyimwe dawa ghafla, bali apewe ya siku chache pamoja na barua ya kumpeleka kupimwa. Na bima zinapolipia kidonge zilipie na kipimo chake, kwa kuwa kwa dawa hizi viwili hivyo ni tiba moja.

Mfamasia,
Morogoro