Pishi ya kwanza

Wete, Pemba
Jumapili, baada ya alasiri

Shoga yangu Zuwena,

Assalaam alaykum. Barua yako nimeipata kwa mkono wa Bi Time aliporudi na boti, na kanga nayo imefika. Umenichagulia yenye maneno makali makusudi, nimekuona. Huku karafuu ndio zimeshika. Njia nzima majamvi, na usiku tunachambua mpaka vidole vinanata. Juzi mwanafunzi kaniambia, "Mwalimu, chaki yako inanuka karafuu."

Uliniuliza kwa nini siku ile kwenye simu nilikukatisha ulipotaja skuli. Basi kaa kitako.

Unajua mimi ni mwalimu wa muda, vipindi 12 kwa wiki. Wenzangu wa saa kamili wana 24. Mwezi uliopita mwalimu mmoja alikwenda likizo ya uzazi, hedimasta akaniomba nimjazie Kidato cha Pili. Nikaingia vipindi vitatu. Kuja kutazama fomu ya malipo, pale kwenye vipindi vya ziada pana kistari. Si sifuri, kistari, kama kwamba hapakuwa na la kuandikwa. Nikauliza. Nikajibiwa kwa upole kabisa kwamba utaratibu ni mmoja: vipindi vitatu vya mwanzo kila mwezi ni mchango wa mwalimu, malipo yanaanzia cha nne, na ni hivyo hivyo kwa kila mtu. "Hapa hatubagui, mwalimu." Wallahi Zuwena, nikaona haya. Nikaomba radhi mimi! Nikatoka afisini najiona mroho.

Nimekaa nalo wiki nzima, moyo hautaki na mdomo hauna la kusema. Mwisho nikamwambia mtoto wa kaka yangu, yule anayesoma sheria. Akacheka, akasema, "Shangazi, kesi yako ilishahukumiwa zamani, ila si hapa."

Ni ya Ujerumani. Yuko mwalimu wa sekondari, Edeltraud Elsner-Lakeberg, mtumishi wa serikali wa jimbo la Nordrhein-Westfalen. Yeye si wa kuitwa-itwa kama mimi, kaajiriwa khasa, ila saa zake pungufu: 15 kwa wiki, na wa saa kamili 24 na nusu. Disemba 1999 akasomesha saa mbili na nusu za ziada. Akanyimwa malipo, kwa sababu sheria yao ilitaka mwalimu apite saa tatu za ziada kwa mwezi ndipo alipwe, na sharti hilo lilikuwa moja kwa wote. Sasa si maneno yangu hayo? Kesi ikafika Mahakama ya Ulaya kule Luxembourg, ikatolewa uamuzi tarehe 27 Mei 2004. Majaji walifanya hesabu ya darasa la tano tu. Wa saa kamili ana saa 98 kwa mwezi, tatu kwake ni kama asilimia 3. Yeye ana 60, tatu zile zile kwake ni asilimia 5. Mzigo umeandikwa sawa, mabegani haukai sawa. Mahakama ikasema huko ni kutendewa tofauti.

Nikachukua kalamu. Vipindi vyangu 48 kwa mwezi, vyao 96. Mchango wangu umezidi wao maradufu, nami ndiye niliyeomba radhi!

Kaka yangu hakuelewa asilimia, nikamwambia kwa karafuu. Mwenye shamba akisema pishi ya kwanza ya kila mchumaji ni ya shamba, kijana aliyepanda juu akashuka na pishi kumi katoa fungu moja la kumi. Bi mkubwa anayechuma matawi ya chini, akipata pishi tatu, katoa thuluthi. Na aliyepata moja tu karudi kwake na harufu. Kaka akasonya, akasema shamba hilo haendi mtu. Mimi ndiye huyo wa pishi moja, maana kipindi cha nne huwa hakinifikii. Wa muda nani humwita mara nne?

Jambo jingine lililonikaa ni mlango waliopitia. Hawakudai kwa jina la saa pungufu, walidai kwa usawa wa malipo ya mwanamke na mwanamume, kwa hoja kwamba wenye saa pungufu wengi ni wanawake. Mahakama ikaiachia ya Ujerumani ipime hilo. Nimetazama chumba chetu cha walimu: wa muda tuko saba, mwanamume mmoja. (Naye anangoja ajira bandarini.)

Iko na kesi ya pili, ya Ursula Voß wa Berlin, naye mwalimu wa saa pungufu, mwaka 2007. Kwake saa ya ziada ililipwa rahisi kuliko saa ya kawaida, hivyo kazi ambayo mwenzake wa saa kamili angeipatia mark 1,616 (fedha ya Kijerumani ya wakati ule), yeye kapewa 1,075. Hapo pia mahakama ilikuwa upande wake, kwa sharti lile lile la kuhesabu wanawake.

Usinifahamu vibaya, najua Luxembourg haitawali Wete. Lakini Katiba ya Muungano, ibara ya 23, inasema ujira ulingane na kazi, bila ubaguzi. Kijana anataka twende moja kwa moja Kamisheni ya Kazi. Nimemkataza. Hedimasta si mtu mbaya, nadhani hajakaa akaipiga hesabu, na mimi sitaki kupendelewa. Kama mchango ni vitatu kwa mwenye 24, kwangu uwe kimoja na nusu, nitautoa bila kununa.

Nimemwandikia barua, rasimu yake nimeikunja humu. Kalamu yako ina adabu kuliko yangu, pitisha jicho, hasa pale niliposema "dhulma". Ondoa kama unaona imezidi. Mrudishie Bi Time kabla ya Alkhamisi, anapanda boti ya asubuhi. Na wewe nihesabie vipindi vyako vya huko, nataka kujua kistari kimefika mpaka wapi.

Halua ni ya watoto, usiimalize njiani. Na karatasi ikikunukia, si marashi, ni vidole vyangu.

Wako,
Maryamu