Barua kutoka Düsseldorf

Shoga yangu Zuhura,

Salamu nyingi, na watoto nisalimie mmoja mmoja. Umeniuliza kama kweli Königsallee ni mtaa wa matajiri tu, au inafaa uipangie siku ukija. Ipangie. Ila usiende kwa ajili ya maduka.

Watu wa hapa wanaiita Kö, basi. Ina urefu wa kama kilomita moja, na katikati yake unapita mfereji wa maji ulionyooka, uko chini kuliko barabara, madaraja yanaukatiza na miti mikubwa imeuinamia. Upande wa mashariki ndiko kwenye maduka ya mitindo na mikahawa yenye viti nje. Magharibi ni mabenki na maofisi, na huko ndiko ninakopenda kukaa, maana ukikaa hapo unaangalia maji na hakuna anayekuuliza unanunua nini.

Yote yametokana na vita. Düsseldorf ulikuwa mji wa ngome, na baada ya Mkataba wa Lunéville wa 1801, mkataba wa amani na Ufaransa, ngome zikabomolewa. Basi kuanzia 1802 wakatengeneza hapo barabara ya matembezi kando ya mfereji, maji yakiletwa na Düssel, kijito kilichoupa mji wenyewe jina lake. Ninyi huko Unguja mnajua yaliyoupata mkono wa bahari uliotenganisha Mji Mkongwe na Ng'ambo: ulifukiwa, barabara ikapita juu yake, na leo Darajani hapana maji. Hapa waliyaacha. Kila nikipita nashukuru kwamba hakuna aliyeitamani ile nafasi kwa majengo, au kama yupo aliyeitamani, hakufaulu.

Zamani Kö iliitwa Kastanienallee, yaani barabara ya michesnati, kwa sababu ya miti hiyo iliyopandwa kando yake. Mwaka 1848, mwaka wa mapinduzi, Mfalme Friedrich Wilhelm wa Nne wa Prussia, dola iliyotawala hapa wakati huo, akaja mjini na watu wakamtupia mavi ya farasi. Ndiyo, mavi ya farasi, mfalme mzima! Mwaka 1851 mji ukaibadilisha barabara jina ikawa Königsallee, yaani Barabara ya Mfalme, kumwomba radhi. Mimi hadithi hiyo naipenda kuliko duka lolote la pale, maana jina lenye fahari kubwa namna hiyo limetokana na hasira za watu wa kawaida.

Ukifika mwisho wa kaskazini utaona chemchemi ya Tritoni, mungu wa bahari wa Wagiriki wa kale, kazi ya mchongaji Fritz Coubillier ya 1902, na mbele yake kidogo majengo meupe ya Kö-Bogen aliyoyachora msanifu majengo Daniel Libeskind. Sehemu kubwa ya mji iliharibiwa kwa mabomu Vita vya Pili, kwa hiyo usishangae kuona la kale na jipya yamebanana.

Lakini kubwa ni kasuku. Kasuku wa kijani, wenye mikia mirefu, hapa Ujerumani! Jua likikaribia kuzama wanakuja makundi kwa makundi kulala kwenye miti ya Kö, kelele mpaka mnashindwa kusikilizana, na waliopita chini wanaharakisha kwa kuogopa kuchafuliwa. Wenye mikahawa wanalalamika, na wana haki. Mimi lakini nikiwasikia nafurahi kabisa, kwa sababu baridi yote ile ya Januari hawaikimbii.

Kwa hiyo tutakwenda alasiri, tuanzie kusini, Graf-Adolf-Platz, tutembee polepole mpaka kaskazini. Njoo na viatu vya kutembea na kofia ya kukinga kichwa, na nitumie tarehe ya ndege mapema nikuombee ruhusa kazini.

Wako,
Rehema