Kwa shoga yangu wa Mbagala, ambaye mwanawe halali usiku

Shoga yangu mpenzi,

Salamu nyingi zikufikie hapo Mbagala, wewe, baba watoto na mama mkwe. Sisi huku Tanga hatujambo, ila joto ndilo linatuchosha. Barua yako nimeisoma nikiwa zamu ya usiku wodini, na kabla ya yote nakuomba jambo moja: ile dawa ya mafua aliyokupa jirani umnyweshe mtoto kijiko kimoja alale, usimpe. Dawa za mafua na aleji zinazoleta usingizi hazifai kwa mtoto mchanga. Zile zenye promethazine haziruhusiwi kabisa kwa mtoto wa chini ya miaka 2, kwa sababu zinaweza kumzuia kupumua mpaka afe. Huyo mtoto wa jirani anayelala tangu magharibi mpaka alfajiri hajapata usingizi, amelewa dawa. Hata jirani mwenyewe umwambie, kwa upole.

Sasa tuje kwa mwanetu. Ana miezi mitatu na nusu, ananyonya vizuri, uzito kwenye kadi unapanda, mchana anacheka na kila mtu, usiku ndiyo anakukesha. Shoga, mtoto wako haumwi, wala maziwa yako si mepesi. Mtoto huzaliwa hajui mchana wala usiku, na mwili wake huanza kuvitenganisha akifika miezi miwili, mitatu. Halafu usingizi wake huenda kwa vipande vifupi kuliko wetu. Kipande kimoja cha mtu mzima huchukua kama dakika 90, chake kama 50, na kila kipande kikiisha anakaribia kuamka. Wewe hapo ungegeuka upande wa pili, uvute shuka, asubuhi usikumbuke kitu. Yeye anaguna, anajinyonganyonga, anakunja uso kama anayetaka kulia, pengine macho bado amefumba. Hapo usikimbilie kumnyanyua. Msikilize kwanza. Mara nyingi atatulia mwenyewe na kuendelea. Akilia kweli utamjua, mchukue umnyonyeshe, hakuna ubaya wowote; mtoto wa umri huo bado anahitaji kunyonya usiku. Tena maziwa ya usiku yana melatonini, homoni ya usingizi, ambayo yeye bado hajaimudu kuitengeneza vizuri.

Hilo la mama mkwe na uji wa kumshibisha najua ni zito, maana huwezi kubishana naye nyumbani kwake. Basi siku ya kupima uzito nenda naye kliniki, amsikie nesi mwenyewe: maziwa ya mama peke yake mpaka miezi 6. Na asali asilambishwe hata kidogo kabla ya kutimiza mwaka.

Cha kufanya ni kumsaidia aone tofauti ya mchana na usiku. Asubuhi mtoe barazani apate mwanga, mwongeleshe, kelele za nyumba ziendelee kama kawaida. Kuanzia saa moja jioni punguza taa na sauti ya televisheni. Najua hapo kwenu sebule na chumba ni kitu kimoja, lakini hata pazia la khanga likikata mwanga linasaidia. Kisha mambo yafuatane vilevile kila siku: kuoga maji ya uvuguvugu, mafuta, kunyonya, wimbo mmoja wa kubembeleza, kulala. Ukimnyonyesha usiku usiwashe taa kubwa, usicheze naye, na simu iweke mbali, mwanga wake unawaamsha nyote wawili.

Na usimnyime usingizi wa mchana ukidhani atalala zaidi usiku. Chini ya miezi 4 mtoto anahitaji saa 14 mpaka 17 kwa siku, mchana na usiku pamoja. Akichoka kupita kiasi ndiyo analia hata titi analikataa. Ukiona anapikicha macho, anageuza uso, usimchezeshe, mlaze hapohapo, akiwa amesinzia lakini hajapotea kabisa. Tanguliza makalio, kisha mgongo, kichwa mwisho, halafu mkono wako ubaki kifuani mwake mpaka pumzi itulie. Mara za kwanza atakataa. Rudia kesho.

Mlaze chali, kila mara. Najua wanakwambia akilala kifudifudi analala fofofo. Ni kweli, na hiyo ndiyo hatari, kwa sababu pumzi ikimbana hashtuki. Uingereza mwaka 1991 na Marekani mwaka 1994 walianza kuwahimiza wazazi walaze watoto chali, na vifo vya ghafla vya watoto usingizini vikapungua kwa zaidi ya nusu. Godoro liwe gumu kidogo, mto na blanketi zito ondoa, kichwa usikifunike. Kwa joto la huko fulana nyepesi na nepi vinatosha. Mguse shingoni, akiwa na jasho mpunguze nguo. Chandarua kichomekwe vizuri chini ya godoro.

Wapo wanaosema mtoto aachwe peke yake chumbani alie mpaka azoee. Mimi kwa mtoto wa umri huu sikubaliani nao. Alale chumba kimoja na nyinyi, karibu nawe. Ila kwenye kochi usilale naye kabisa, na akivuta mtu sigara au kunywa pombe asilale naye kitanda kimoja.

Akianza kulala kuliko kawaida hadi anakuwa mgumu kuamka, akakataa kunyonya, akapata homa au degedege, hapo usiningoje mimi, wahi hospitali hata kama ni saa nane usiku.

Na wewe je? Umeandika unalia bila sababu na hata chakula hakikupandi. Hilo siku ya kliniki lisemee pia, lina msaada wake. Baba watoto amchukue mtoto akitoka kazini, ampakate mpaka saa tatu, wewe ulale. Akisita mpe barua hii aisome.

Nijibu ukishajaribu, uniambie anaamka saa ngapi na saa ngapi, na kadi imesoma kilo ngapi. Mwisho wa mwezi nikipata likizo nitapanda basi nije nikupokee zamu ya mtoto usiku mmoja.

Ni mimi shoga yako,
Tanga